Kebo Iliyotundikwa kwa Shingo

Kaka yangu alinitupia kebo mezani, ikaangukia juu ya simu ya mtu niliyokuwa nimeifungua, na skrubu zikatawanyika hadi sakafuni.

"Itie gundi hapo kwenye plagi, imeachia," alisema. "Usiifungue. Gundi tu."

Mimi kuambiwa usifungue ni sawa na kuambiwa fungua, na kaka analijua hilo tangu utotoni, redio ya marehemu baba ni shahidi. Lakini siku hiyo sikumjibu. Nilikuwa nimemnunia wiki nzima na nilitaka aone kwamba bado nimenuna. Nikainama kuokota skrubu moja moja mpaka akachoka kusimama, akaenda zake.

Chumba changu cha kutengenezea simu na redio kiko langoni kabisa mwa gereji yake. Ukiingia kulia ni mimi, ukinyoosha mbele ni magari. Kebo yenyewe naijua vizuri. Upande mmoja ina plagi pana yenye pini nyingi, hiyo inachomekwa chini ya usukani. Kati ya waya kuna kiboksi cheusi, kizito kama jiwe la kuzuia mlango. Upande wa pili unaingia kwenye laptopu ya kaka. Vikishaungana, laptopu inaiuliza kompyuta ya gari inaumwa wapi, na kompyuta inajibu. Pale gereji vyote kwa pamoja vinaitwa mashine, na mashine ikishasema, hakuna wa kubisha.

Na mashine ndiyo iliyokuwa imemharibia jina mume wangu.

Mume wangu ni fundi hapo hapo kwa kaka. Watu wote wanamwita Taratibu, na mimi pia, maana jina limemkaa. Hafungui nati kabla hajaifuta. Hashuki kwenye ngazi kabla hajaitikisa. Mwaka tuliooana nilikuwa natoka nyumbani kabla yake, nafika, nafungua duka, nahudumia mteja, ndipo namwona anatokea kwenye kona anatembea kama anapima barabara. Ukitaka kazi iishe leo, usimpe. Ukitaka kazi usiirudie, mpe yeye.

Sasa, kwenye gari kuna sheria moja ambayo hata mpita njia wa gereji anaijua: kabla ya kuchomelea chuma chochote, chomoa kwanza waya wa betri, vinginevyo umeme wa kuchomelea unaweza kupanda ukaua kompyuta ya gari. Taratibu alikuwa ameiongezea sheria hiyo ya kwake. Akishachomoa waya, anauvalisha kichwani kipande cha mpira alichokikata kwenye tyubu kuukuu la baiskeli, ili usije ukateleza ukagusa betri tena. Wenzake walimcheka, wakasema amemshonea betri kofia. Yeye hakujali. Akimaliza kuchomelea, anaitoa ile kofia, anaipangusa, anaitia mfuko wa shati.

Basi likaja gari la Mama Mikate. Huyu ni mama anayesambaza mikate madukani kwa kigari chake cha mzigo, mtu wa maneno mengi na moyo mzuri. Bomba la moshi lilikuwa limepasuka, gari linanguruma mpaka watoto wanalikimbia. Taratibu akapewa kazi, akachomelea, akamaliza. Kupiga funguo, injini inazungushwa lakini haiwaki. Piga tena, wapi.

Kaka akaja na mashine yake. Akachomeka, akasubiri, laptopu ikaandika kwamba kompyuta ya gari haijibu. Kaka si mjinga. Akaichukua kebo mpaka kwenye pikapu yake kuukuu iliyoegeshwa ukutani, ile ambayo kila asubuhi huipima mashine nayo kabla kazi haijaanza, akaichomeka huko. Pikapu ikajibu bila taabu. Kwa hiyo kebo nzima, laptopu nzima, na kompyuta ya Mama Mikate imekufa.

"Shemeji," kaka alisema, na mafundi wote wameacha kazi wanasikiliza, "waya wa betri ulichomoa?"

"Nilichomoa, shemeji."

"Basi hii kompyuta imekufa kwa homa?"

Watu wakacheka. Mimi nilikuwa nimesimama mlangoni kwangu, na kile kicheko kilinichoma. Taratibu alirudia kwamba alichomoa, anakumbuka kabisa, na bolti yenyewe ilikuwa na kutu akaipaka mafuta. Kaka akamwambia mashine haina sababu ya kumsingizia mtu.

Taratibu akakana siku hiyo, akakana siku zilizofuata. Kisha siku moja wakati wa chakula cha mchana, kaka aliporudi kwenye habari ile ile kama mtu anayetafuna mfupa, Taratibu aliweka kijiko chini akasema, "Labda nilisahau."

Kaka akaitikia kwa kichwa, roho yake ikatulia. Akasema kusahau ni kibinadamu, yamekwisha, kompyuta nyingine atatafuta, ila kuanzia sasa shemeji asiguse kuchomelea wala mambo ya umeme, ashike matairi na kusafisha vipuri. Alilisema kwa upole, na upole wenyewe ndio ulionipandisha hasira. Nikabeba sahani yangu nikaenda kula peke yangu, na tangu hapo nikanuna.

Lakini hasira ilikuwa juu juu tu. Chini yake kulikuwa na hofu, na hofu hiyo kaka hakuijua.

Baba mkwe wangu alipoteza kumbukumbu akiwa bado na nguvu zake. Hakuanza kwa kusahau majina, wala njia. Alianza kwa kukumbuka mambo ambayo hakuyafanya. Aliacha jiko linawaka akala kiapo kwamba alilizima, akakueleza hata mkono gani alitumia. Aliapa amemlipa mwenye nyumba, amefunga lango, amemeza dawa, na kila neno alilisema kwa uhakika wa mtu aliyeona kwa macho yake. Taratibu ndiye aliyemuuguza. Mwishoni mzee alikuwa akimwita "bwana fundi", akimshukuru kwa kuja.

Kwa hiyo Taratibu aliposema labda nilisahau, hakuwa anamaliza ugomvi. Alikuwa amejiuliza kweli, akajijibu. Kesho yake asubuhi tulipokuwa tunatoka nyumbani alifunga mlango, akatembea hatua chache, akarudi kuushika kitasa. Akarudi tena. "Nimeufunga, si ndiyo?" ananiuliza, na ufunguo uko mkononi mwake. Jioni alikuwa akisimama mbele ya jiko, anaangalia tu. Kisha akakitafuta kile kimpira chake, akakikosa. Alipekua mashati yote, akapindua godoro, akatoa droo za jikoni moja baada ya nyingine. Nilimwambia atakata kingine, tyubu si dhahabu. Akaniambia, "Mimi sipotezi vitu." Akaketi kitandani, mikono magotini, na nilimwona anaogopa. Nami nikaogopa.

Ndiyo maana ile kebo nilipobaki nayo mezani, sikuifungua mara moja. Ilikuwa inangoja kompyuta nyingine iliyonunuliwa kuukuu, kaka aifunge kwenye gari la Mama Mikate na kuipanga kwa mashine. Nilichukua gundi. Nikaiweka. Nikachukua bisibisi.

Ganda la plagi lilitoka kwa urahisi. Ndani nyaya zimelala vizuri, hakuna uliochomoka. Nikaweka mita yangu kwenye mlio, ile kwamba ukigusa waya huku na huku, kama ni mzima inalia. Nikagusa wa kwanza, ikalia. Wa pili, ikalia. Nikaenda hivyo hivyo mpaka nikafika kwenye mmoja wa kijani, mita ikanyamaza. Nikadhani mkono umeteleza. Nikagusa tena, kimya. Nikaikunja kebo karibu na kiboksi, ikalia. Nikaiachia, ikanyamaza.

Nilikaa nimeishika vile, naikunja naiachia, mita inalia inanyamaza, mpaka mteja mmoja akachungulia akauliza kama ndiyo simu yake inayolia hivyo. Nikamwambia simu yake haijaanza hata kutibiwa, aje kesho.

Nilipasua ganda la kebo pale shingoni, inapoingia kwenye kiboksi. Ngozi ya ule waya wa kijani ilikuwa nzima, haina hata mkwaruzo. Ndani yake shaba ilikuwa imekatika. Kukunja na kunyoosha, kukunja na kunyoosha, na uzito unavuta. Nikajua mara moja ni nini. Kaka ana msumari ukutani ofisini kwake, ameuandikia kwa rangi "MASHINE", na kila jioni anaitundika kebo hapo kwa plagi, kile kiboksi kizito kinaning'inia kwa shingo mpaka asubuhi. Kila kitu mahali pake, ndivyo anavyosema. Kaka ni msafi kupita kiasi, hata spana zake zinalala kwa mpangilio wa urefu.

Nikamwita. Sikutoka, nilimwita kwa kupiga meza, kama tulivyokuwa tunaitana utotoni tukigombana.

"Nilisema usifungue," aliingia akisema.

"Nimefungua. Ulipoipima siku ile, uliipima kwenye gari gani?"

"Kwenye pikapu. Ninayoipimia siku zote."

"Pikapu yako ya zamani. Hiyo inaongea kwa waya mmoja, huu hapa." Nikaugusa, mita ikalia. "Gari la Mama Mikate ni la juzi juzi, linaongea kwa nyaya mbili nyingine. Huu, na huu wa kijani." Nikaugusa wa kijani. Kimya. "Mashine yako ilikuwa inasikia pikapu tu, kaka. Kompyuta ya Mama Mikate hata ingepiga kelele isingesikika."

Akavuta kiti. Aliichukua mita mkononi mwangu akagusa mwenyewe. Akarudia. Kaka yangu ana kiburi, lakini kitu akikiona hakikatai, hilo nampa.

"Lakini hiyo haimaanishi kompyuta ni nzima," alisema polepole. "Inaweza kuwa waya umekatika na kompyuta imekufa pia."

"Ninajua."

Nilijua, na ndilo nililokuwa naliogopa. Kabla ya kuifungua kebo, ningeweza kuendelea kumlaumu kaka maisha yangu yote. Sasa nikiitengeneza, mashine itasema kweli, na ikisema kompyuta haijibu, basi mume wangu alikula kiapo kama baba yake. Yote hayo kwa waya mwembamba kuliko uzi wa kushonea.

Nikaikata ile shingo yote, nikatupa sehemu iliyochoka. Nikachuna ngozi za nyaya, nikazisokota shaba kwa shaba, rangi kwa rangi. Kaka akanishikia taa bila kuambiwa. Nikatia lehemu kila mahali, nikavalisha kila kiungo mpira mwembamba wa kubana kwa moto, nikaupitishia kiberiti mpaka ukashika. Nikapima zote, nikaikunja, nikaivuta, nikaitikisa. Mita ililia tu. Kisha nikafunga ganda, na gundi nikaitia, maana ndiyo niliyotumwa.

Tulipotoka nje Mama Mikate alikuwa amefika kuulizia gari lake, kama kawaida yake ya kila siku. Taratibu alikuwa kwenye kona ya matairi, amechuchumaa na beseni la maji, anatafuta tundu kwenye tyubu. Nikamwita aje. Akatikisa kichwa bila kuinua uso.

"Nyie pimeni," alisema. "Mimi niko na kazi."

Sikumlazimisha. Kaka akakaa kwenye kiti cha dereva, akachomeka plagi, akafungua laptopu juu ya magoti. Akawasha switchi. Nilisimama nimeushika mlango wa gari kwa mikono miwili. Skrini ilionyesha ule mstari unaojaa polepole, ukafika katikati, ukasimama. Mama Mikate akaanza kuniuliza kitu, sikumsikia. Mstari ukajaa. Orodha ikafunguka: aina ya gari, namba ya injini, joto la maji, kila kitu.

"Iko hai," kaka alisema. Akasema tena, safari hii kwa sauti ya chini, "Iko hai, mdogo wangu."

Nililia. Si sana, ila nililia, na sikugeuka pembeni.

Ugonjwa ulikuwa mmoja tu: sensa inayoiambia kompyuta kwamba injini inazunguka imekufa. Bila hiyo gari haliwaki. Ni kidude cha bei ya kawaida, huzeeka kikafa kifo chake.

"Sasa hicho mbona kilikuwa kinasumbua zamani?" Mama Mikate alisema. "Asubuhi kwenye baridi lilikuwa linakataa kuwaka, nalibembeleza. Wiki kadhaa hivi."

Kaka akamwangalia. "Mama, mbona hukusema?"

"Nilileta bomba la moshi. Mliniuliza habari ya bomba la moshi."

Kaka alishuka, akaenda mwenyewe mpaka kwenye matairi. Alisimama mbele ya lile beseni, na mafundi wakaanza kusogea, kama siku ile. Nilitaka kuwafukuza, kisha nikaona heri wabaki. Walisikia lile, wasikie na hili.

"Shemeji, kompyuta ni nzima. Kebo ndiyo iliyokuwa mbovu, na niliyeiharibu ni mimi. Nilikusema mbele za watu. Nimekosa."

Taratibu aliendelea kulikamua lile tyubu ndani ya maji. Povu likatoka mahali fulani, akalitia alama kwa chaki. Ndipo akainuka.

"Kompyuta kuwa nzima ni jambo jema," alisema. "Lakini haituambii kama nilichomoa. Mtu anaweza kusahau na gari lisidhurike. Inategemea bahati."

Ningempiga. Kweli, ningemvua kiatu nikampiga nacho, mtu anapewa jina lake na anakataa kulipokea. Kisha nikamwona macho, nikaelewa kwamba hakuwa anamjibu kaka. Alikuwa bado amesimama mbele ya jiko la nyumbani.

"Njoo ubadilishe sensa," kaka alimwambia. "Ni kazi yako hii. Sitaki mwingine aiguse."

Alikuja. Alinawa kwanza, akajifuta vidole kimoja kimoja. Kwenye gari lile sensa iko chini, nyuma ya betri, haifikiki mpaka betri yenyewe itolewe na sahani inayokalia. Akachomoa nyaya za betri. Mkono ukaenda mfuko wa shati, ukakuta patupu, ukarudi. Nililiona hilo. Akainua betri, akaiweka chini juu ya ubao. Akafungua bolti za sahani, akaifuta kila moja, akainyanyua sahani.

Akasimama hivyo, sahani mkononi.

"Nini?" kaka aliuliza.

Taratibu aliingiza mkono kule chini akatoa kipande cheusi cha mpira, kimeinama kama ukucha, kina vumbi na chembe ndogo za chuma kilichoungua. Chembe za kuchomelea. Kilikuwa kimeteleza kikaanguka chini ya betri, na siku ile, katika zile kelele za gari kukataa kuwaka, mwenyewe hakukikumbuka.

 Mafundi wote walikijua kile kimpira. Kazi yake ni moja, na hakiingii chini ya boneti ya gari la mtu kama waya wa betri haujachomolewa. Na gari la Mama Mikate lilikuwa limekuja pale mara hiyo moja tu.

"Kofia ya betri," fundi mmoja alisema, na safari hii hakuna aliyecheka.

"Kumbe nilisahau kweli," Taratibu alisema.  "Nilisahau kukitoa."

"Shemeji, nisamehe," kaka alisema tena.

"Wewe kunisema isingekuwa kitu, shemeji. Tatizo mimi mwenyewe nilikuamini."

Akakipangusa kimpira kwenye suruali, akauvalisha waya wa betri uliokuwa umechomolewa, akainama kuendelea na sensa. Tulimwacha afanye kwa mwendo wake. Mama Mikate akasema akihesabu nywele za mtu huyu atazimaliza kabla fundi hajamaliza gari, akaenda kukaa kwangu kwenye benchi. Jua lilikuwa linashuka gari lilipowaka, kwa funguo ya kwanza, na bomba la moshi lilikuwa kimya kabisa. Kaka aliingia ofisini na nyundo. Nikasikia msumari unang'olewa. Kebo aliilaza kwenye droo, imenyooka.

Tulitoka wa mwisho, mimi na mume wangu. Nilifunga chumba changu, yeye akalifunga lango, akabana kufuli, akatia ufunguo mfukoni pamoja na kimpira. Tukaanza kuondoka. Nilikuwa nimeshazoea kusimama penye nguzo ya taa kumngoja arudi kulishika kufuli, na miguu yangu ikasimama yenyewe.

Yeye alinipita. Alikuwa ananieleza habari ya sensa, jinsi ilivyokuwa imeganda mpaka akaitoa kwa mafuta na uvumilivu, na hakutazama nyuma hata mara moja. Mimi ndiye niliyegeuka kuliangalia kufuli. Lilikuwa limefungwa.